Sanamu ya Mnunuzi wa Pamba

Mume wangu alikuwa mkulima, lakini pia alichonga sanamu za kuchezeshwa kwenye ngoma. Ilikuwa miaka ya soko huria, na wanunuzi binafsi walianza kuja kijijini kwetu, nje kidogo ya Bariadi, kila mmoja na mizani yake ya kuning'iniza. Mzigo wa pamba uliotutoa jasho sisi wawili kuubeba ulikuwa mwepesi ghafla ukifika kwao. Ukiuliza, unaambiwa upeleke kwingine.

Baada ya mavuno mume wangu alichonga mtu mnene kando ya mizani. Ukivuta kamba kwa nyuma, mkono wake ulinyanyuka taratibu na kuubeba kwa chini mzigo uliokuwa ukining'inia, ili uonekane mwepesi.

"Mshonee suruali," aliniambia. "Iwe nzuri."

Nikalitoa gauni langu la kijani, lile nililokuja nalo kwao nilipoolewa.

"Hilo hapana, mama," akanizuia.

"Limeshanibana," nikasema, nikakata.

Siku ya ngoma uwanja mzima ulicheka. Bibi mmoja alicheka hadi machozi, akapiga kelele, "Mkono wenyewe ndio huo!" Hapo ndipo mtendaji wa kata alipofika na mgambo. Wakachukua sanamu, wakamchukua na mume wangu.

Niliwafuata nikiwa na mtoto mgongoni, nikakaa chini ya dirisha la ofisi.

"Huyu uliyemchonga ni nani?" mtendaji aliuliza.

"Ni mti, mheshimiwa."

"Tangu lini mti ukaiba pamba?"

"Mimi sijasema anaiba. Umesema wewe."

Mgambo mmoja alicheka, kisha akajifanya anakohoa.

Walimwachia jioni. Sanamu ilibaki kwao, hatukuiona tena. Njiani alitembea haraka, akigeuka nyuma kila mara.

"Uliogopa?"

"Sana. Nilijua uko pale dirishani, nikajikaza."

Kwetu mke na mume hawashikani mikono barabarani. Nilimshika. Mzee mmoja aliyekuwa akirudisha ng'ombe alitusalimu, "Mwadila," akatupisha njia kana kwamba hakuona kitu.

Msimu uliofuata wanunuzi walirudi na mizani zilezile. Safari hii, kila mzigo ulipopandishwa, watu waliinama kuchungulia chini yake, wazee kwa vijana. Mnunuzi alikasirika, lakini angemfukuza nani? Mume wangu naye aliinama, nami pembeni yake, bega kwa bega.