Apolonia wa Bukundi, Aliyelisalimia Jua

Alizaliwa Shishiyu, wilayani Maswa, mwaka 1938, wakati wa kuvuna mtama, katika mji wa babu yake, mzee Mahona. Wazazi wake walimwita Milembe. Siku hizo katika ukoo wao hapakuwa na mtu hata mmoja aliyebatizwa. Mzee Mahona alikuwa mtu wa ng'ombe na mtu wa jua. Kila kulipokucha alitoka nje ya uzio wa minyaa, akageukia mashariki, akatema mate mepesi kuelekea jua lililokuwa likichomoza, akaliomba uzima wa watoto na mifugo. Mjukuu wake alisimama kando yake, akatema naye, kwa bidii kubwa hata mate yakamwishia kidevuni. Wanaosimulia maisha ya watu wa Mungu hupenda kuanza na mtoto aliyesali rozari kabla ya kuota meno. Huyu wetu alianza kwa kuliomba jua, na sioni sababu ya kulificha jambo hilo.

Mwaka 1951 alibatizwa, akaitwa Apolonia. Mmisionari aliyemfundisha alimwambia kwamba aliyeumba ni mmoja na kwamba jua haliombwi. Tangu asubuhi iliyofuata hakutoka tena na babu yake. Mzee Mahona alisimama peke yake nje ya minyaa, akamaliza maombi yake, akarudi ndani bila kumsemesha, na ukimya huo ulidumu mpaka alipofariki. Jambo hilo lilimuuma Apolonia maisha yake yote. Alikuwa amelipoteza jua la babu yake pamoja na babu mwenyewe, na kitu pekee alichokuwa ameshika badala yake ni ukurasa wa kwanza wa Biblia. Ndiyo maana aliushika kwa mikono miwili, na ole wake mtu aliyetaka kuugusa.

Aliolewa Bukundi na mkulima aliyeitwa Jilala, ambaye alifariki mapema bila wao kujaliwa mtoto. Apolonia alikusudia kwenda kuishi na kaka yake Mwanza. Alikuwa ameketi katika kituo cha Malampaka akingoja treni, na jirani yake kwenye benchi alikuwa mama mmoja aliyefiwa na mtoto. Mama yule alimwuliza kama anajua sala yoyote. Apolonia akaanza kumfundisha Baba Yetu, mstari kwa mstari, na abiria wengine wakasogea. Treni ilifika, ikapakia, ikaondoka, naye alikuwa bado yuko kwenye "utupe leo mkate wetu". Alirudi Bukundi na mzigo wake kichwani, akamwambia paroko, "Baba, nimeachwa na treni. Nadhani nimeitwa." Akawa katekista wa kigango chetu kwa muda mrefu kuliko mtu mwingine yeyote.

Jaribu lake kuu lilimjia uzeeni. Ilikuwa miaka ile ya soko huria, ambapo wanunuzi binafsi wa pamba walizagaa kila kona na magari yao, mitumba ikajaa minadani, na pale Bariadi mtu aliweza kutazama video kwa umeme wa jenereta. Shule za sekondari nazo zikaongezeka. Mwaka 1996 kijana mmoja aitwaye Ngeleja, mwana wa mjane Veronica, alikuwa kidato cha nne na pia mkatekumeni anayejiandaa kubatizwa Pasaka. Alikuwa mpole, mwenye kusikiliza, na pia mwenye kuuliza. Alisoma shuleni kwamba dunia hulizunguka jua, kwamba jua lenyewe ni nyota moja tu kati ya nyota zisizohesabika, na kwamba ile miamba ya nchi yetu ina umri wa mamilioni ya miaka. Siku moja darasani kwa Mama Apolonia alinyanyua mkono. Aliuliza jinsi siku tatu za kwanza zilivyopata asubuhi na jioni, wakati jua liliwekwa siku ya nne. Akaongeza kwamba katika sura ya kwanza miti inamtangulia mtu, na katika ya pili mtu anaitangulia miti, sasa yeye ashike ipi.

Mama Apolonia alijua vizuri kwamba maswali hayo yapo. Kila mwaka alipofika pale kwenye siku ya nne alisoma haraka haraka. Padri Marcelo, paroko wetu, alikuwa amekwisha kulieleza jambo hilo katika semina ya makatekista, lakini Mama Apolonia alitoka akanung'unika kwamba mapadri wa siku hizi wamesoma mpaka wamepitiliza. Kwa hiyo alimjibu Ngeleja kwa ukali. Mbele ya wenzake alimtaka akiri kwamba ulimwengu uliumbwa kwa siku sita kama hizi zetu, vinginevyo jina lake halitapelekwa kwa paroko.

Ngeleja alisimama, akainamisha kichwa kwa heshima, akamwita mama kwa Kisukuma. "Mayu, Mungu ameniumba, hilo naliamini. Lakini nikisema siku sita ili tu nimwagiwe maji, nitakuwa nimeingia kwa Mungu kwa uongo."

"Basi kaa nje," alisema Mama Apolonia.

Pasaka ilipita na Ngeleja hakubatizwa. Muda si mrefu baadaye akashikwa na malaria iliyompanda kichwani. Mnunuzi mmoja wa pamba alimbeba nyuma ya pikapu hadi hospitali ya Bariadi. Veronica, kabla ya kupanda gari, alimfuata Mama Apolonia mlangoni kwake. Hakupiga kelele. Alimwuliza, "Mayu, mwanangu akifa mtamzika upande gani?" Kisha akaondoka. Maana katika kigango chetu, kwa desturi mbaya ambayo namshukuru Mungu imekwisha, ambao hawajabatizwa walizikwa upande wao, ng'ambo ya njia.

Apolonia aliona aibu iliyochanganyika na hofu. Alichukua Biblia yake na chupa ya maji, akatafuta usafiri, akafika Bariadi jioni. Hakumkuta Ngeleja akijitambua. Muuguzi alimwambia dripu ya kwinini imekwisha kuwekwa na kwamba kilichobaki ni kungoja. Alikaa barazani pamoja na ndugu wa wagonjwa wengine, akiomba kitu kimoja tu, kijana asife kabla yeye hajapata nafasi ya kulifuta lile neno alilomwambia darasani.

Kulipokucha, mzee mmoja aliyekuwa akimuuguza mkewe alitoka barazani, akasimama uwanjani, akageukia mashariki, akatema mate mepesi kuelekea jua. Apolonia alimtazama kana kwamba anamwona Mahona mwenyewe. Biblia ilikuwa mapajani mwake. Akafungua ukurasa wa kwanza, akaisoma siku ya nne polepole, kwa mara ya kwanza katika miaka mingi. Akaona jambo ambalo Padri Marcelo alilisema naye akalikataa: pale jua halitajwi hata kwa jina. Linaitwa mwanga mkubwa, basi. Linatundikwa kama karabai na kupewa kazi ya kumulika. Walioandika maneno yale waliishi kati ya mataifa yaliyoliabudu jua na mwezi, wengine wakiwa mateka Babeli, na mbingu waliyoijua ilikuwa ile waliyoiona kwa macho, anga gumu kama paa na maji juu yake. Hawakuwa wakipima urefu wa siku. Walikuwa wakiwaambia watu waliokata tamaa kwamba hicho kinachowatisha huko juu ni taa, na mwenye taa anawapenda. Ndilo neno alilotamani kumwambia babu yake na hakujua namna. Badala yake alimnyamazia mzee, na sasa, miaka mingi baadaye, akamfungia mlango kijana.

Alilia pale barazani bila kuficha, akasema baadaye kwamba yalikuwa machozi ya mtu aliyetuliwa mzigo.

Alipoingia wodini Ngeleja alikuwa amefumbua macho, lakini daktari hakuwa na uhakika bado. Kijana alimwona na ile chupa, akasema kwa sauti ndogo, "Mayu, siku sita siwezi."

"Sikuulizi siku. Unamwamini Mungu, Muumba wa mbingu na dunia?"

"Naamini."

"Mbingu zote? Hata zile za kitabu chako cha shule?"

Ngeleja akatabasamu. "Hasa zile."

Mama Apolonia akammwagia maji. Mengi yakaishia kwenye mto, na Veronica, aliyekuwa ameshika kichwa cha mwanawe, alilowa mpaka mabegani. Homa ilishuka siku ile ile. Wengine husema ni maji, wengine ni dripu. Apolonia mwenyewe alipoulizwa alisema Mungu ana mikono miwili.

Jumapili iliyofuata alisimama kanisani, akasema wazi kwamba alimkosea Ngeleja na kwamba Padri Marcelo alikuwa sahihi tangu mwanzo. Mzee Masele, mwenyekiti wa kigango, hakufurahi. "Pamba imekuwa huria, maduka yamekuwa huria," alisema. "Sasa hata Biblia?" Watu wakacheka. Mama Apolonia akamjibu kwamba kwenye harusi, upande wa bwana husimulia safari ya ng'ombe, na upande wa bibi husimulia malezi ya binti. "Hazifanani, mzee wangu, lakini ndoa ni ile ile. Sura ya kwanza na ya pili ni hivyo hivyo. Wewe ulioa kwa hadithi ngapi?" Masele mwenyewe akacheka, na ile njia iliyogawa makaburi ikalimwa mahindi mwaka uliofuata.

Tangu hapo Mama Apolonia alianza tena kutoka nje kila kulipokucha. Hakutema mate. Aligeukia mashariki, akalipa jua salamu ya asubuhi ya Kisukuma, "Mwangaluka, mtumishi mwenzangu," akaenda zake shambani. Wazee wa zamani waliokuwa wakimwogopa walianza kusimama naye na kumwuliza huyo bwana wa jua ni nani, na kadhaa wakabatizwa.

Alifariki mwaka 2004, asubuhi, baada ya kuomba atolewe nje kwenye mkeka. Alilisalimia jua na hakusema tena. Wapo wanaoshuhudia kwamba siku ile jua lilikawia kuchomoza likimngoja. Ngeleja, ambaye sasa ni mwalimu wa jiografia, alipoulizwa alisema dunia haikukawia hata kidogo, na kwamba yeye angependa sana ingekawia.

Kanisa halijamtangaza mtakatifu, na sisi hatuitangulii kauli yake. Lakini tumwige katika hili: mtoto akituuliza, tusikimbilie kufunga mlango, na tukishaufunga, tusione haya kurudi kuufungua. Kila Pasaka, paroko anapowauliza wakatekumeni wetu kama wanamwamini Muumba wa mbingu na dunia, Veronica, ambaye sasa ni bibi kizee, huinuka kwenye benchi lake la mbele na kudakia, "Mbingu zote?"

Nao hujibu kwa pamoja, "Zote."