Santuri Aliyoikataa Sikio

Cherehani ikiumwa, haipelekwi kwanza kwa fundi. Inapelekwa kwa dada yake fundi. Ndivyo karakana ile inavyokwenda: kaka ana bisibisi, oili na miwani yenye mkono mmoja uliofungwa kwa uzi, na dada ana kiti cha mbao karibu na dirisha na masikio yake mawili. Mteja akishaweka cherehani mezani, dada anafumba macho na kusema, "Zungusha." Gurudumu likizunguka mara tatu nne hivi, anafumbua jicho moja.

"Si sindano hiyo. Kuna jino limelika huko chini, kushoto."

Kaka anafungua. Jino limelika, huko chini, kushoto.

Ila kabla ya yote hayo ana swali lake moja la ajabu, na hakuna mteja anayelikwepa: "Hii sauti inakusumbua, au unaipenda?" Watu hucheka. Nani apende cherehani inayolia kama bata? Wanaona ni utani wa mtu mzima aliyekaa sana dirishani.

Mtaa mzima unamwita Sikio. Jina hilo hakulipata kwenye cherehani. Alilipata kiwandani, akiwa na miaka ishirini na miwili, enzi muziki ulipokuwa kitu cha kushikwa mkononi. Ulikuwa unatengenezwaje? Donge la plastiki nyeusi, la moto na laini kama udongo wa mfinyanzi, linawekwa katikati ya mabamba mawili ya chuma. Mashine inafunga mdomo na kuhesabu kimoyomoyo, kisha inafungua, na hapo unaikuta santuri yenye wimbo mzima ndani ya vifereji vyembamba kuliko unywele! Kampuni iliyomwajiri ilikuwa ya muziki wa roki, ofisi juu, kiwanda chini, na kazi yake ilikuwa kusikiliza tu. Katika kila santuri hamsini alichomoa moja, akavaa visikilizio, akaisikiliza mwanzo mpaka mwisho. Akikuta mkwaruzo, alichora msalaba mwekundu kwenye karatasi ya katikati, na fungu zima likarudi kusagwa. Hata meneja hakuwa na ruhusa ya kubishana na msalaba ule.

Jumatatu moja binti wa kaka yake, anayesoma sekondari, aliingia karakanani mbio, begi mgongoni, tangazo mkononi.

"Shangazi! Wametengeneza filamu ya kampuni yenu! Kila kitu kimo, wanamuziki, mabosi, mashine! Jumamosi saa tisa alasiri, na mwongozaji mwenyewe atakuwepo!"

"Makubwa," akasema mama yake binti, aliyekuwa anapanga vishikizo kwenye makopo. "Kumbe wifi yangu ni staa, na mimi namwagiza sabuni dukani kama mtu wa kawaida."

"Lazima naye aonekane humo," akasema kaka kwa kujidai. "Miaka saba kiwandani na hakukosea hata siku moja. Mmoja tu huyo."

Sikio alitabasamu, lakini alijua si kweli. Alikosea. Siku moja, na siku hiyo ilitosha. Hakumwambia mtu, na sasa filamu nzima ilikuwa inakuja kusema.

Ilikuwa hivi. Vijana wanne walijirekodi wenyewe kwenye stoo, wakaleta kanda yao kiwandani. Sikio akachomoa santuri ya kwanza. Wimbo wa tatu, gitaa lilipoingia, akaruka kwenye kiti. Lilikwaruza kama bati linaloburutwa kwenye saruji! Akachomoa ya pili, ya tano, ya kumi na mbili. Zote vilevile. Akachora msalaba, na santuri mia sita zikasagwa jioni hiyohiyo. Plastiki yake ikakandamizwa upya kuwa santuri ya watoto wa chekechea kujifunza kuhesabu moja mpaka kumi.

Siku mbili baadaye mpiga gitaa akaja, mwembamba, amekumbatia spika kama mgonjwa wake. Akaigeuza. Karatasi ya mbele ilikuwa imechanwa mistari mitatu iliyonyooka.

"Dada, nilichana mwenyewe," akasema taratibu. "Kwa wembe. Wiki tatu nzima nilikuwa naitafuta sauti hiyo."

Sikio akaona kazi inamponyoka. Wakati ule kaka huyu, mdogo wake kwa umri, alikuwa ndiyo kwanza anajifunza ufundi, na nyumba nzima ilikuwa inamtazama yeye. Kijana akamwangalia, akaangalia santuri moja yenye msalaba iliyobaki mezani, akapanda ofisini. Akarudi anacheka.

"Nimewaambia kanda yangu ndiyo ilikuwa na kasoro. Nimewaletea nyingine."

"Nyingine ipi?"

"Ileile. Sasa na wewe uipende basi."

Watu walipoanza kumwita Wembe, wengi walidhani ni kwa ajili ya wembamba wake. Mtu mmoja tu kiwandani alijua jina lilitoka wapi, naye aliufyata.

Jumamosi wakakaa kwenye ukumbi wa sinema, safu ya nne: kaka, wifi, binti, na Sikio mwisho, karibu na mlango, endapo ingebidi kutoroka. Taa zikazimwa. Kila mashine ilipotokea kwenye skrini binti alinong'ona, "Ilikuwa hivyo kweli, shangazi?" na Sikio akaitikia kwa kichwa, shingo imekakamaa. Mara akatokea msichana mwenye visikilizio. Msikilizaji! Sikio akashika mkono wa kiti. Msichana alisikiliza santuri ya vijana wanne, machozi yakamlengalenga, akasema kwa sauti ya kitajiri, "Hii itatikisa dunia."

Basi! Hakuna msalaba, hakuna mia sita. Wifi akampiga kiwiko. "Weee! Ulikuwa na kiuno chembamba namna ile?"

"Chembamba zaidi," akajibu Sikio, na pumzi aliyoibana tangu Jumatatu ikamtoka. Amepona. Siri imezikwa, tena kwa heshima.

Hapo wimbo wa tatu ukaanza. Ngoma zikaingia, besi ikafuata, na gitaa...

Gitaa lilikuja laini kama mafuta ya nywele.

Sikio akainama mbele. Akafumba macho. Hapana. Mngurumo haupo. Ukumbi mzima unatikisa vichwa, kaka anapiga goti lake kwa kiganja, santuri zile zilishaacha kuchezwa zamani, hakuna anayejua kilichokosekana. Wembe alishafariki miaka sita iliyopita. Angenyamaza yeye, nani mwingine angesema? Na angesema, angelazimika kueleza amejuaje, mbele ya kaka yule aliyejisifia dada asiyekosea.

Filamu ikaisha, taa zikawashwa. Mwongozaji, kijana mwenye shati la mistari, akapanda jukwaani kuomba maswali. Sikio akauona mkono wake umeshanyooka wenyewe.

"Mwanangu, filamu yako nzuri. Lakini wimbo wa tatu, gitaa mmelifanya nini?"

"Shikamoo mama. Kanda tuliyoipata ilikuwa na mkwaruzo mbaya sana, mama yangu. Fundi wetu wa sauti ametumia wiki mbili kuisafisha."

"Marahaba. Mpe pole. Hata mimi niliusafisha mkwaruzo huohuo, kwa kusaga santuri mia sita."

Watu wakacheka, wakidhani anatania. Akawasubiri wamalize. Kisha akaeleza yote, amesimama, mkoba kifuani: msalaba, spika, wembe, uongo alioutunga kijana yule ili yeye abaki kazini. Hakumtazama kaka yake hata mara moja. Alipokaa, kaka alikuwa ameshamgeukia.

"Mia sita?" kaka akauliza kwa sauti ya chini.

"Mia sita."

"Zikawa za chekechea?"

"Moja mpaka kumi."

Kaka alijaribu kujikaza, mabega yakamsaliti. Alicheka mpaka miwani ikamdondokea mapajani na uzi ukafunguka. "Miaka arobaini najisifia! Miaka arobaini!" Wifi naye akawa anajifuta macho kwa ncha ya kitambaa.

"Kumbe ndiyo maana unawauliza wateja kama wanaipenda!" binti akasema, macho yamemtoka.

"Ndiyo maana," akasema Sikio, na akashangaa jinsi kifua kilivyo chepesi.

Jumanne mwongozaji akafika karakanani na fundi wake wa sauti na sanduku la mitambo. Sikio alitoa kwenye kabati, chini ya shuka, santuri moja yenye msalaba mwekundu uliofifia. Ile ya kwanza kabisa. Hakuipeleka kusagwa pamoja na zile nyingine, na hata yeye hajui kwa nini. Wakaiweka. Wimbo wa tatu ukaingia, na Wembe akanguruma humo ndani, katikati ya vishikizo na makopo ya oili, mpaka sindano zikatetemeka kwenye kisahani.

"Hapa je?" fundi wa sauti akauliza, kalamu mkononi.

"Hiyo ta, ta, ta ni vumbi. Toa."

"Na hii?"

"Hiyo iguse uone!"

Waliendelea hivyo saa nzima, vichwa viwili karibu karibu, yeye anafumba macho, kijana anaandika. Binti alikaa kwenye kopo lililogeuzwa, hana mpango wa kwenda kufua sare zake.

Katikati ya mngurumo mteja akachungulia mlangoni, cherehani kwapani.

"Jamani, mashine yenu hiyo imeharibika!"

Walicheka wote, mteja akabaki anawatazama mmoja mmoja. Akaweka cherehani mezani, akaanza kueleza kwamba tangu juzi inalia vibaya. Sikio akavuta kiti. Kabla hajafungua mdomo, wifi akamwahi, mikono kiunoni:

"Subiri kwanza, baba. Hiyo sauti inakusumbua, au unaipenda?"