Goti Lisilofundishwa Brevik

Orrin Tvedt, mtoto wa wafuga ng'ombe wa maziwa kaskazini mwa Minnesota, alikuwa mtu wa katikati katika timu ya mpira wa Kimarekani, ule wa kubebwa mikononi, ya Chuo cha Brevik. Kazi yake ilikuwa kuinama juu ya mpira, kuurusha nyuma kati ya miguu yake hadi kwa mpiga pasi, kisha kumpokea kwa kifua yeyote atakayemvamia. Aliifanya kazi hiyo kwa miaka minne bila kuonja ushindi hata mara moja.

Msimu wake wa mwisho nao ulifuata njia ileile. Septemba walifungwa juani, Oktoba wakafungwa kwenye matope. Kila walipofungwa nyumbani, mama yake, Bi. Torunn, alifungua nyuma ya gari na kuwapakulia viazi vilivyookwa na nyama ya kusaga. "Kuleni, wanangu," alisema. "Aliyefungwa naye ana tumbo."

Orrin alikula, akashukuru, ila moyo haukushiba. Baada ya Novemba angerudi kwa ng'ombe, na mpira ungekuwa umekwisha maishani mwake. Alitaka kushinda mechi moja tu.

Ikabaki moja, dhidi ya majirani zao, Chuo cha Storden. Na siku hiyo ikawa kama ndoto: sekunde za mwisho zikihesabika, Brevik walikuwa mbele kwa kumi na saba dhidi ya kumi na nne, mpira ukiwa wao. Storden hawakuwa na ruhusa tena ya kuisimamisha saa.

"Wee mnyonya maziwa," beki mnene wa Storden alimwambia Orrin, "shikeni uongozi huo kwa mikono miwili. Hamjauzoea!"

"Upige picha ule ubao wa matokeo, kaka," Orrin alimjibu akicheka. "Ukamwonyeshe mama yako."

Kocha Aasen alikuwa akipiga kelele kando ya uwanja. "Pigeni goti! Goti tu, basi!"

Hakuna jambo jepesi kuliko hilo. Mpiga pasi hupokea mpira, hugusa chini kwa goti, mpira huhesabiwa umekufa, mpinzani hawezi kuuchukua, na saa huendelea kukimbia hadi mwisho. Timu zote hulifanyia mazoezi kila wiki. Brevik hawakuwahi. Asiyetangulia ajifunze kumaliza ili iweje?

Mpiga pasi wao, Kip Lundeen, alimsogelea Orrin. "Nisimame wapi?"

"Hapo nyuma yangu. Karibu, kama wale wa kwenye televisheni."

"Karibu kiasi gani?"

"Kip, simama tu, bwana!"

Bendi ya chuo ilikwisha kuanza wimbo wa ushindi. Kip alisimama akimgusa kabisa, mikono tayari kukabidhiwa mpira. Orrin akainama. Lakini kwa miaka yote minne mpiga pasi alikuwa akimngojea mbali, na mwili ukafanya ulichokizoea: aliuvurumisha mpira kwa nguvu zake zote. Ulimgonga Kip kifundoni, ukaruka juu, ukamwangukia beki mnene kifuani kama zawadi.

Beki akakimbia. Wachezaji wa Brevik walikuwa wamesimama wima wakingoja goti, na walipozinduka alikwisha kuvuka mstari wa mwisho: pointi sita kwa Storden. Kutangulia si kufika. Tarumbeta zilinyamaza moja baada ya nyingine. Hata Storden hawakushangilia, mfungaji mwenyewe aligeuka na mpira mkononi, akamuuliza mwamuzi, "Ni halali kweli?"

Orrin alikuwa bado ameinama. Hakuweza kunyanyua kichwa.

"Kip. Wameudaka?"

"Wameudaka."

"Amefika?"

"Amefika, Orrin. Na saa imekwisha."

Kocha Aasen aliingia uwanjani taratibu, kofia mkononi, uso mweupe kama aliyeona ajali barabarani. Akamshika Orrin bega na kumnyanyua.

"Hili ni langu, mwanangu. Nimewafundisha kuinuka mkiangushwa. Kumaliza mkiwa mbele sikuwafundisha hata siku moja."

Orrin alimtazama. Alitafuta mtu wa kulaumu, na katika uwanja ule wote hakumwona.

"Nasi hatukukuuliza, Kocha," alisema. "Miaka minne, hakuna hata mmoja wetu aliyeuliza."