Hukumu Sikioni mwa Mama

Elvio Santarelli aliigiza katika filamu sitini na mbili, na hakuna hata moja iliyobeba sauti yake. Roma ya miaka ile baada ya vita, picha zilipigwa kwanza, maneno yakaingizwa baadaye studioni, mara nyingi na watu wengine. Sura yako, koo la mwenzako. Ndiyo maana waigizaji wengi wadogo hawakujisumbua kukariri: kamera ikianza kuzunguka walihesabu moja, mbili, tatu, midomo icheze tu.

Elvio alikariri kila neno. Baba yake, Mungu amrehemu, alikuwa mwalimu mkuu kule milimani Rieti, na kazi ya kulipua haikuwa desturi ya nyumba ile. Awe hakimu, awe mhudumu wa mkahawa, alifika na suti yake mwenyewe, imepigwa pasi.

"Mheshimiwa hakimu," wenzake walimtania, "unamsomea nani hukumu? Kamera haina masikio!"

"Yangu ninayo," alijibu, akaenda kula mkate wake peke yake.

Mwaka 1956 mama yake, Bi Ottavia, akapofuka.

"Zamani nilikuona," alimwambia mwanawe. "Sasa itabidi nikusikie. Au humo ndani ya filamu wewe ni bubu?"

Elvio hakuwa mtu wa kuombaomba, lakini safari hii alimwendea mwongozaji wa filamu yake mpya. Alitaka aingize sauti yake mwenyewe katika nafasi ya hakimu, dakika moja na nusu, basi.

"Hamna shida, mzee wangu. Tutakupigia."

Hapo ndipo alipokosea: alimwandikia mama siku ileile, na mama akatangazia kijiji kizima. Kisha Elvio akakaa chumbani wiki tatu, asitoke hata kununua sigara, akisikiliza simu ya mlinzi wa jengo pale chini. Ililia kwa ajili ya wapangaji wengine.

Filamu ilifika ukumbi wa parokia ya kijijini Jumapili moja, baada ya misa ya mchana. Bi Ottavia alikaa mbele, gauni jeusi, pini ya pambo aliyopewa na marehemu mumewe kifuani, mwanawe kulia, jirani Assunta kushoto. Hakimu akatokea. Ikasikika sauti nene, laini, ya mtu wa Roma.

"Ndiye huyo!" Assunta akanong'ona. "Laiti ungemwona, shoga, amekaa kama mfalme!"

"Siye," mama akasema. "Huyo ni muuza nyama."

Elvio aliona aibu ikimpanda hadi masikioni. Kisha akainama, akamwekea mama mdomo sikioni, akaanza kusoma hukumu, neno kwa neno, sawasawa na midomo yake iliyokuwa ikicheza pale kwenye pazia la filamu.

"Shii!" watu wa nyuma wakafoka. "Nyamaza wewe! Umelipa kuja kupiga domo?"

Maishani mwake hakuna aliyewahi kumkaripia hadharani. Hakunyamaza, hadi hakimu alipoinuka akatoka.

Bi Ottavia alikuwa ameushika mkono wake kwa nguvu.

"Mbona umeacha?"

"Nimemaliza, Mama."

"Ndiyo hayo tu? Miaka yote hiyo?"

"Ndiyo hayo tu."

Mama akafikiri kidogo. "Basi rudia," akasema.

Akarudia, polepole, huku ukumbi mzima ukicheka jambo jingine kwenye filamu.