Viti vya Kuwainua Wakaaji

Mama Kochi alifanya kazi na misumari mdomoni, na huenda ndiyo sababu mumewe alidumu kuwa bosi. Mwenye misumari mdomoni habishani. Karakana ya viti waliianza wote wawili: mke akishona na kujaza sponji, mume akikaa mlangoni na tai shingoni kama mbuzi anayesubiri mnada.

Siku moja akaja mwenye mgahawa, analalamika. Wateja wake waliagiza kikombe kimoja cha chai asubuhi, wakakitazama mpaka jua linazama huku wakibishana mambo ya mpira. Kuwafukuza hakuweza, wengine walikuwa shemeji zake. Mume, aliyekuwa ametoka juzi tu kwenye semina ya ubunifu kwa viongozi wa biashara, akafumba macho, akafumbua, akashauri viti vichorwe simba.

Mama Kochi akatema misumari kiganjani.

"Kata miguu ya mbele," akamwambia Kipara, seremala wao. "Kidogo tu. Kiti kimkaribishe mtu vizuri, halafu kimsukume taratibu, kama mama mkwe aliyemchoka mgeni."

Cha kwanza Kipara alikikata kupita kiasi. Mchungaji mmoja aliteleza mpaka chini ya meza na chai yake, na maneno aliyoyatoa huko chini hayakuwa ya Zaburi. Mume akautangazia mtaa mzima kwamba ule ulikuwa upuuzi wa mke wake. Mama Kochi alicheka mpaka machozi, kisha akavikalia viti mwenyewe, kimoja kimoja, akiagiza miguu irandwe hapa na pale, mpaka mtu akawa anainuka kwa hiari yake akidhani amekumbuka shughuli nyumbani.

Wenye migahawa wakamiminika. Basi hapo upuuzi wa mke ukageuka ubunifu wa mume, hata akaalikwa kuzungumza mbele ya wafanyabiashara. Mama Kochi alimwomba jambo moja: amtaje. Asimsifu, amtaje tu. Mume akasema bila shaka, tena na yeye atakuwepo, kuna chai ya kugawa.

Alizungumza mpaka tai ikalegea. Kiongozi haogopi kukosea, alisema, akijipiga kifua. Mke hakutajwa hata kwa kikohozi. Ndipo akasimama mama mwenye saluni, akasema yeye anataka kinyume chake, viti vya kumfanya mteja asichoke kukaa. Aanzie wapi?

Mume akamtazama mkewe. Siku nyingine mke angemnong'oneza jibu. Siku hiyo aliendelea kumimina chai.

"Tutachora tausi," akasema mume.

Kipara, aliyekaa benchi la nyuma, akaangua kicheko, na benchi zima likamfuata. Mama mwenye saluni akachukua mkoba wake, akaenda moja kwa moja kwenye birika.

"Dada, wewe unasemaje?"

"Kwanza nije nione wateja wako wanavyokaa," akajibu Mama Kochi. "Na siji na bosi."

Akafungua kazi yake uani, nyuma ya saluni. Wiki haikuisha, mume akatuma ujumbe: arudi, amesamehewa. Aliyetumwa ni Kipara. Aliufikisha neno kwa neno, kwa heshima zote, huku akitua chini msumeno na randa yake. Kisha akauliza aanze na mguu upi.