Kitabu Kilichoanzia Kushoto

Mtu akiniambia manga, vile vitabu vya Kijapani vya hadithi za picha, ni michoro ya watoto, namnyamazisha palepale. Ile niliyoinunua kwa muuza vitabu vya mitumba hapa Butembo ni ya watu wazima: kijana aliyeuliwa baba yake anashika upanga, anaua, anachoka kuua, na mwishowe anaufukia upanga chini ya mti. Niliililia mimi, mwanamke mzima!

Nilimpa ndugu yangu mdogo makusudi. Baba yetu aliuawa shambani, upande wa Mbau, na tangu matanga kijana yule alikuwa na neno moja tu: kwenda porini kujiunga na wenye bunduki, alipize kisasi. Panga ya baba alikwisha kuinoa. Mama alimwambia maji yakimwagika hayazoleki, akainoa tena. Nilidhani kitabu kitaweza pale tuliposhindwa sisi.

Jumapili moja alinijia kutoka mtaa wa Ruwenzori, kule Beni, kitabu mkononi, macho yanawaka.

"Yaya, dada yangu, aksanti. Sasa niko na nguvu. Kesho naenda porini."

"Porini? Mais kwani hukusoma?"

"Nilisoma yote! Ule mutu anafukua upanga chini ya muti, anaenda kupigana na ba adui yake."

Niliduwaa. Nikamuuliza alianzia wapi. Akanionyesha: kushoto, kama kitabu cha misale kanisani, akifuata michoro tu, maneno ya Kifaransa akiyaruka. Mungu wangu! Manga inaanzia kulia, na mimi mjuaji sikumwambia. Nilicheka, kisha nikaufunga mlango. Nikamketisha, nikamfungulia kulia, nikaapa hatoki kwangu kabla hajamaliza.

Alisoma polepole, mboga yangu ya sombe ikiungua jikoni. Alipofika kwenye mti alikifunga kitabu.

"Donc, kumbe baba yake anakufa mwanzo kabisa."

"Ndiyo."

"Mu ile yangu ya kushoto, baba anaamuka ku mwisho. Anaikala na mutoto wake, banakula."

Akaanza kulia, yeye ambaye kaburini hakutoa hata chozi. Nami nililia naye.

Hakwenda porini. Panga iko kwa mama, inakata majani ya mbuzi. Lakini kitabu hakunirudishia. Nikimtembelea Beni namkuta nacho mapajani, amekifungua tena kushoto, anarudi taratibu hadi pale baba na mtoto wanapokula. Simkatazi.