Fidia ya Vitanda vya Mikumi

Mwanangu, siku niliyosimama mbele ya hakimu pale Kilosa naikumbuka kuliko siku niliyoolewa. Nilikuwa binti wa umri wako, nikitaka mtu afungwe. Baba yangu alikuwa amedhulumiwa, ni kweli. Lakini kilichoniwasha moyoni ni kwamba mtu yule alimwoa Salma badala yangu.

Ngoja nikueleze taratibu. Ilikuwa miaka ya mwanzo ya Uhuru, wageni wakianza kuja Mikumi kutazama wanyama. Habibu, kijana mfanyabiashara, alijenga huko nyumba ya wageni, akamwagiza baba, aliyekuwa seremala, amtengenezee vitanda. Habibu huyo aliwahi kunitumia salamu za uchumba, kisha akamgeukia Salma, shoga yangu tuliyesoma naye. Kila nilipomwona Salma na kanga mpya, niligeuza njia.

Baba alichukua mbao kwa mkopo, akaweka rehani randa, misumeno na patasi zake zote. Vitanda vilipokwisha, Habibu alilipa kwa hundi. Mimi niliyejua kusoma nikapanda treni kuipeleka benki Morogoro. Karani akanirudishia: akaunti haina kitu. Siku hizi mnaiita hundi hewa. Mwenye mbao akasema masika yakianza kabla hajalipwa, vyombo vya baba ni vyake.

Habibu alishtakiwa, akakiri. Asubuhi ya hukumu, nje ya mahakama, nilimwambia baba, "Tuombe afungwe. Tena afungwe mbali!"

Bibi Chausiku akanisikia. Alikuwa mtani wa ukoo wetu, na mtani hakasirikiwi, hata akikuvua nguo kwa maneno.

"We mjukuu," akapaza sauti, "unataka kumfunga mwenye hundi au mume wa Salma?"

Watu wakacheka. Nikainamisha uso.

"Haya, mfunge! Salma atalala peke yake, wewe utalala peke yako, na baba yako atalala bila randa. Mtakuwa sawasawa nyote!"

Hata baba alicheka, ila macho yake hayakucheka. Hapo ndipo nilipoyaona yale macho. Tangu kesi ianze nilikuwa nikimtazama Salma tu.

Ndani, hakimu alimuuliza baba anaomba nini. Baba akasimama, akakohoa. "Mheshimiwa, mimi najua mbao tu. Binti yangu ndiye aliyekwenda benki. Aseme yeye."

Nikasimama. Salma alikuwa amekaa benchi la nyuma, tumbo lake kubwa, ananitazama. Mwanangu, nisikudanganye: neno "afungwe" lilikuwa ulimini. Nikalimeza, na lilikuwa chungu.

"Mheshimiwa hakimu, tunaomba baba alipwe. Bila vyombo vyake hatuli."

Hakimu akamwamuru Habibu amlipe baba fidia: thamani yote ya vitanda, pamoja na nauli zetu za Morogoro, na fungu la kwanza lilipwe kabla ya masika. Akishindwa, ataingia gerezani. Habibu akauza baiskeli yake. Salma ndiye aliyeleta fungu hilo, amevaa kanga nyingine mpya. Nikampokea, nikampa kiti na maji. Wivu haukuwa umeondoka, lakini baba alikomboa randa yake jioni ileile.

Basi sikiliza, mwanangu, kwa siku utakayodhulumiwa wewe au mtu wako. Faini huingia serikalini. Kifungo humpeleka mtu gerezani, lakini hakiinjiki chungu chako jikoni. Fidia ndiyo humrudia aliyepoteza, na hakimu anaweza kuiamuru katika kesi hiyohiyo ya jinai. Usiogope kuiomba, wala usikae kimya ukidhani mahakama inajua ulichopoteza. Peleka hundi yenyewe na stakabadhi zako, sema hasara yako bila kuiongezea chumvi. Na ikilipwa kidogo kidogo, pokea. Haba na haba hujaza kibaba.

Ila kabla hujafika mahakamani, jiulize unamshtaki nani na kwa lipi. Hasira hasara, na wivu ni hasira iliyovaa kanga ya haki. Hutaweza kuuzuia usije. Ukija, ukalishe kimya, usiupe nafasi ya kusema kwa niaba ya aliyedhulumiwa.

Mungu akupe ulimi wenye subira, mwanangu, na kila kilicho chako kikurudie kwa njia ya halali.